Uji wa Zizini na Mbege ya Kihambani

Ninaishi Trøndelag, nchini Norwe, katika ukoo wa mume wangu ambao ni wa Kilutheri kama ule niliozaliwa huko Marangu, Kilimanjaro. Kila mkesha wa Krismasi mama mkwe, ambaye ni mzee wa kanisa, hupika uji mzito wa mchele, akatia donge la siagi katikati na kuupeleka zizini kwa ajili ya nisse, kizee kifupi kinachoaminiwa kulinda mifugo. Siagi sharti ionekane, kwani nisse mmoja aliyedhani amenyimwa, kumbe imefichwa chini ya uji, alimuua ng'ombe kwa hasira. Kisha mama huvaa koti lake zuri, tukaenda ibadani, wala mchungaji hamwulizi neno.

Bibi yangu Mchagga alipomwaga kidogo mbege, pombe yetu ya ndizi na ulezi, penye masale, mmea wetu mtakatifu, akiwataja waliozikwa kihambani, yaani katika shamba la migomba la ukoo, alitengwa na Meza ya Bwana.

Wanorwe nao walivutana hivyohivyo, tena kwa vituko. Saga, yaani masimulizi ya kale ya huku, zinasimulia kwamba Mfalme Haakon Mwema wa karne ya 10, aliyelelewa Kikristo Uingereza, alipopewa pembe ya kinywaji kwenye karamu ya matambiko huko Lade aliifanyia ishara ya msalaba. Watu wakang'aka, na Jarli (mtawala wa eneo) Sigurd akamwokoa kwa kusema kwamba mfalme amechora nyundo ya mungu Thor. Kesho yake wakamtaka ale nyama ya farasi, chakula cha tambiko, naye akakataa katakata mpaka wakataka kumvamia. Wakapatana aachame tu juu ya mpini wa chungu ulioloa mvuke wa mafuta ya ile nyama, lakini kwanza akauviringishia kitambaa cha kitani. Hakuna upande ulioridhika.

Hatimaye sheria ya Kikristo ya Gulating, baraza la kale la magharibi mwa Norwe, haikuipiga marufuku pombe ya sikukuu, bali ilimwamuru kila mkulima aipike na kuibariki kwa jina la Kristo na Maria, na aliyekaidi miaka 3 mfululizo alipoteza mali yake.

Kwa nini basi mbege ihesabiwe dhambi? Hata Bruno Gutmann, mmisionari Mjerumani wa Kilutheri aliyefanya kazi Uchaggani, alitetea ukoo na ujirani wa Kichagga kuwa msingi wa kanisa. Desemba, Wachagga wanapopanda mlimani kwa maelfu, ningependa wachungaji wetu wafike vihambani, waibariki mbege kwa jina la Kristo, na majina ya waliotutangulia yatajwe mbele yao bila mtu kutengwa.