Naan si chakula cha kila Mhindi

Ndugu mwandishi, makala yako ya vyakula vya India inasomeka vizuri, ila ulivyosema Wahindi hula naan, ule mkate bapa wa kuumuka, na mchuzi mzito wa krimu umewafungia watu zaidi ya bilioni moja kwenye menyu ya hoteli moja. Naan inataka tanuri. Majumbani, hata huko Punjab, kaskazini, wengi hula chapati.

Na Bengal, mashariki, je? Huko ni wali na samaki wa mtoni, mafuta ya haradali yanayowasha pua, na panch phoron, mchanganyiko wa viungo vitano: uwatu, bizari nyembamba, shamari, haradali na habasoda, zote nzima, zinatupwa kwenye mafuta ya moto hadi zitoe harufu. Kerala, kusini, wanaunga kwa nazi. Watamili, pia wa kusini, uchachu wao ni ukwaju, pwani ya magharibi ya Konkan ni kokum, tunda chachu.

Vitabu vya mapishi hukugusa kabisa! Samaithu Paar cha S. Meenakshi Ammal kilitoka kwa Kitamil mwaka 1951: sambar (mchuzi wa dengu na mboga), rasam (supu chachu ya viungo), achari, bila nyama, kinaelekeza hatua kwa hatua hata bi harusi aliye mbali na mama yake anajipikia. Bado kinanunuliwa. Makala ijayo, tafadhali, chukua jimbo moja tu.