Stalag 17: mdundo wa wengi, mapato ya nani?

Mwaka 1973 huko Jamaika, mpiga kinanda Ansel Collins alimrekodia mtayarishaji Winston Riley kipande kisicho na maneno. Kikaitwa Stalag 17, jina la filamu ya Kimarekani. General Echo akakiimbia "Arleen", Sister Nancy akaja na "Bam Bam" mwaka 1982, na Tenor Saw akashusha "Ring the Alarm" mwaka 1985. Besi ni ileile, lakini nyimbo hazifanani hata kidogo.

Wapo wanaouona mtindo huu wa ridimu, yaani waimbaji wengi kutumia mdundo mmoja uliokwisha kurekodiwa, kuwa uvivu. Siafikiani nao. Kijana wa Kingston asiye na pesa ya kukodi bendi alikuta mdundo umeshapikwa, akabakiwa na kazi moja tu: kuonyesha alichonacho. Na kwa kuwa wasikilizaji wanaujua mdundo tangu noti ya kwanza, masikio yote yanamgeukia yeye. Hapo hakuna pa kujificha. Tenor Saw, kwa sauti yake ile ya kama anayelia, aliufanya mdundo wa miaka 12 usikike kana kwamba umezaliwa usiku huohuo.

Lakini wanaolalamika wana hoja nzito, nayo iko kwenye makaratasi. Sister Nancy alikaa zaidi ya miaka 30 bila kulipwa mirabaha ya "Bam Bam". Wimbo umezunguka dunia, umeingia hadi kwenye filamu ya Belly ya mwaka 1998, na mwenyewe alikuwa New Jersey, Marekani, akifanya kazi benki! Hadi mwaka 2014, aliposikia sauti yake kwenye tangazo la Reebok, ndipo alipomtafuta mwanasheria, na hatimaye akapata nusu ya haki za wimbo. Alipourekodi, Jamaika ilikuwa bado inatumia sheria ya hakimiliki ya Uingereza ya mwaka 1911. Sheria mpya ilikuja mwaka 1993.

Hata hivyo, kiitikio cha Nancy nacho kina asili. Kundi la The Maytals lilishinda shindano la nyimbo la taifa mwaka 1966 kwa "Bam Bam" yake. Kuazima kungezuiwa, wimbo wa Nancy usingekuwepo. Kwa hiyo sitaki sheria itakayoufungia mdundo kabatini. Ninachodai ni kwamba kila anayeutumia aorodheshe majina yote, pamoja na la mpiga besi aliyelipwa mara moja studioni akaenda zake, na fedha zigawanywe kwa orodha hiyo.