Jiwe la Gangilonga Liliponijibu

Binamu yangu alinunua simu yenye kamera kali, na wiki hiyohiyo akawa mwongozaji wa filamu. Filamu fupi, dakika 7: kijana anaachwa, anaumia, anaanza kuandika mashairi. Kijana mwenyewe mimi. Kuachwa nilikuwa nimeshaachwa kweli, kwa hiyo mazoezi akaona hayana haja.

Tukapanda Gangilonga saa kumi na moja jioni, mwezi Julai, upepo wa Iringa ule unaokufuata mpaka ndani ya soksi. Kwa Kihehe ndilo jiwe linaloongea. Binamu akasema hapo na moyo wangu utaongea. (Ndivyo wasemavyo wenye simu mpya.) Akajificha kichakani ili nionekane mpweke. Nikasimama juu ya jiwe na karatasi yangu, mji wote uko chini, nikapaza sauti:

“Uliniacha jijini, moyo wangu umevunjika!”

Nikalia. Nililia vizuri, makamasi na yote. Nikasogea hatua moja mbele, kama tulivyopanga.

“We kijana! Usisogee!”

Mama mmoja alikuwa ameshautupa mzigo wa kuni, kaning'ang'ania mkanda kwa mikono miwili. Nyuma yake mzee wa koti refu, anahema.

“Shikamooni,” nikasema. Hata ukishikwa mkanda, adabu ni adabu.

“Marahaba. Mwanangu, ndiyo ujitupe kwa ajili ya mapenzi?”

“Tunaigiza, mama.”

“Wewe na nani?”

Nikatazama kichakani. Kimya. Binamu anarekodi.

Mzee akanyoosha mkono. “Hebu lete karatasi.” Kumbe mwalimu mstaafu wa Kiswahili. Akasoma midomo ikicheza, kidole gumba kikigusa vidole vingine kimoja kimoja, akihesabu silabi.

“Ukwapi, kipande cha kwanza, mizani nane, sawa. Utao, cha pili, tisa. Tisa!” Mama akauachia mkanda, naye asikilize. “Halafu jijini wapi? Iringa hii ni manispaa. Huyo binti wa Mbeya?”

“Wa hapahapa, babu.”

“Basi andika: *Uliniacha Iringa, moyo wangu wavunjika.* Kwa lile la kwanza hata mimi ningekuacha.”

Kichaka kikacheka. Binamu akatoka, akamwomba babu arudie maneno yaleyale bila kuangalia kamera.

“Shilingi ngapi?” babu akauliza.

Alipewa elfu tano, taslimu. Mama elfu mbili, fidia ya kuni. Mimi, mhusika mkuu, nilinunuliwa soda, tena tuligawana na mwongozaji.