Nevaeh: mbingu iliyosomwa kutoka nyuma

Chukua neno la Kiingereza la mbingu, heaven, ulisome kuanzia herufi ya mwisho kurudi ya kwanza. Utapata Nevaeh, na hiyo ndiyo asili yake yote. Hakuna malkia wa kale aliyeitwa hivyo, hakuna mtakatifu, hakuna ukoo uliolirithishana. Wamarekani hulitamka karibu na "Neveya".

Mwaka 1999 watoto wa kike waliopewa jina hili Marekani nzima walikuwa 8. Mwaka 2000 Sonny Sandoval, mwimbaji wa bendi ya roki ya Kikristo ya P.O.D., alionekana kwenye MTV na binti yake mchanga, akawaeleza watazamaji jina la mtoto na lilikotoka. Mwaka uliofuata Nevaeh likaingia katika orodha ya majina 1,000 yanayopendwa zaidi nchini humo. Mwaka 2005 lilikuwa la 70, mbele ya Vanessa na Amanda. Mwaka 2010 likafika nafasi ya 25, kisha likaanza kushuka. Kwa hiyo mzazi wa kule aliyelichagua ili mwanawe asifanane na mtu alijikuta, baada ya miaka michache, na darasa lenye Nevaeh wengine.

Huku kwetu bado ni adimu. Ukilikuta, aghalabu ni kwa mtoto ambaye mama yake alilipata kwenye simu usiku, ujauzito ukiwa umemkosesha usingizi. Na mara tu linapotajwa kwenye familia, mabishano huanza.

Hoja inayotolewa kwa sauti kubwa zaidi ni ya kiimani: ukigeuza mbingu, si umepata jehanamu? Nimeisikia kwa watu ninaowaheshimu, lakini haina miguu. Kugeuza herufi si kugeuza maana. Kama ingekuwa hivyo, tungekuwa na kazi kubwa na majina yetu wenyewe. Andika Neema, lisome kutoka nyuma: ameen. Hapo wote tutafurahi. Sasa andika Amani, ulisome vivyo hivyo: inama. Je, kila Amani tunayemjua amelaaniwa kuishi ameinama? Asiyekubali hilo kwa Amani hawezi kulidai kwa Nevaeh.

Wenye msimamo huo wangefanya vizuri zaidi kutazama dini zenyewe zinasema nini. Kwa Wakatoliki, sheria ya Kanisa ya 1917 ilimtaka paroko ahakikishe mtoto anapewa jina la Kikristo, na wazazi wakishikilia lao, yeye aongeze la mtakatifu na kuyaandika yote mawili kitabuni. Sheria ya 1983, kanuni ya 855, imelegeza: wazazi, wasimamizi na paroko waangalie tu lisitolewe jina lililo geni kwa hisia za Kikristo. Jina linalokusudia mbingu halikwami hapo. Kwa Waislamu kipimo ni maana. Mtume alimbadilisha jina mwanamke aliyeitwa Asiya, kwa maana ya mwasi, akamwita Jamila. (Si lile Asiya la mke wa Firauni, kwa Kiarabu herufi za mwanzo ni nyingine.) Jina lile halikuokolewa na ukongwe wake. Na anayetaka pepo katika jina la binti, watu wa pwani wana Firdausi tangu zamani, halina haja ya kugeuzwa.

Hoja ya pili husema kwamba hili si jina, ni mchezo wa herufi. Hapa nawaelewa wapinzani, maana jina lina kazi ya kumfunga mtoto na watu waliotangulia. Lakini tazama hilo Vanessa. Lilibuniwa na mwandishi Jonathan Swift kwa ajili ya rafiki yake Esther Vanhomrigh: alichukua Van kutoka jina la ukoo, akaunganisha na kifupi cha Esther. Shairi lenye jina hilo lilichapishwa mwaka 1726. Leo hakuna anayemuuliza Vanessa Mdee jina lake la kutunga alilitoa wapi. Ufundi alioutumia Swift ndio ule ule wa wazazi wetu wanaochukua silabi mbili za baba na mbili za mama wakamuundia mtoto jina. Oprah naye alipewa jina la Orpa, yule wa Kitabu cha Ruthu. Watu wakashindwa kulitamka, herufi zikapishana, na kosa likawa jina linalojulikana dunia nzima. Kampuni yake aliiita Harpo, yaani Oprah kutoka nyuma. Kila jina lilikuwa jipya siku moja, tofauti ni kwamba siku ya Nevaeh tunaijua.

Kuna wanaosema jina geni litamnyima mtoto kazi, na wanaleta utafiti wa Marekani kuhusu ajira. Upo, na ni mzito: Bertrand na Mullainathan, katika kazi iliyochapishwa 2004, walituma maombi ya kazi yapatayo 5,000 Boston na Chicago, na wenye majina yanayosikika kuwa ya Wazungu walipigiwa simu kwa asilimia 50 zaidi ya wenye majina yanayosikika kuwa ya Weusi. Lakini ule ni utafiti wa ubaguzi wa rangi, haukuwa wa majina mapya, na Nevaeh lilipendwa huko na Weusi na pia na Wakristo wa makanisa ya kiinjili. Kwetu anayetaka kubagua hana haja na jina la kwanza. Anatazama la ukoo.

Hoja ninayoikubali ni ya nne, na haitolewi sana kwa sababu haina utukufu wowote: tahajia. Kiswahili husomwa kama kilivyoandikwa. Muuguzi akiona Nevaeh kwenye kadi ataita "Nevae", na mama aliyezoea "Neveya" atabaki amekaa kwenye benchi hajui kwamba zamu yake imefika. Akilisikia bila kuliona, ataandika Nevea, au Neveya, au, Mungu apishe mbali, Nivea, na wenzake shuleni watamwita mafuta ya kupaka mpaka darasa la saba. Hata Marekani, ambako heaven ni neno la kila siku, wapo wanaoandika Neveah, na hapo hata ukiligeuza mbingu huipati tena.

Hili linagusa kiini chenyewe. Majina yetu mengi yanabeba maana sikioni. Ukisema Riziki, Tumaini au Chausiku, asiyejua kusoma anajua umesema nini. Nevaeh linabeba maana yake machoni tu, tena kwa macho yanayojua Kiingereza. Bibi wa mtoto atalirudia kila siku bila kuisikia mbingu ndani yake. Mtetezi atajibu kwamba hata Jessica na Doreen bibi hajui maana zake na anayaita vizuri tu. Ni kweli. Ila wazazi wa Jessica hawakulichagua kwa sababu ya maana. Wa Nevaeh sababu yao ni hiyo moja.

Na bibi mwenyewe ana dai lake. Katika familia nyingi binti wa kwanza anasubiriwa aje na jina la bibi mzaa baba. Kwa Wakikuyu huo ndio utaratibu. Ugomvi unaoitwa wa Nevaeh mara nyingi ni wa nani alikuwa na haki ya kutaja jina, na hata wangechagua Elizabeth ungekuwepo. Huo hutatuliwa kwa kumpa mtoto majina mawili, jambo ambalo tumelifanya tangu zamani bila kelele.

Ningekuwa mimi, ningeliacha. Sababu si shetani wala uzushi, ni hizo herufi tatu za mwisho. Lakini aliyelipenda asitishwe na mahubiri ya mtaani. Aliandike mwenyewe kwa herufi kubwa kwenye karatasi, ampe karani wa vyeti vya kuzaliwa akopi kutoka hapo, na alisome herufi kwa herufi kabla hajaondoka dirishani. Cheti kikisoma Nevaeh na shule ikasajili Nevea, huko mbele kinachosubiri ni kiapo cha mahakamani, ada, na foleni nyingine.