Mwanga ufungwe kwa mkono

Nakubaliana na makala kuhusu ile video ya kutwanga mahindi: shoti moja ndefu, isiyokatwa, ya akina mama wawili wakipokezana michi kwenye kinu kimoja ni sanaa kamili. Ila ile picha kung'aa na kufifia kila mtu anapopita mlangoni si ubunifu, ni kamera kuachiwa ijipangie mwanga. Ufungeni kwa mkono usibadilike, mkipimia uso, si mlango. Baadhi ya kamera, hasa za zamani, hukata zenyewe dakika ya 29 na sekunde 59, kwa hiyo anzeni kurekodi mahindi yakishaingia kinuni. Sauti ipimwe mchi unapotua, isizidi -12 dB kwenye kipimo cha sauti cha kamera, ibaki nafasi kabla ya 0 dB, maana hapo inapasuka. Na ukisimama mita 34 kutoka kinuni, mlio unachelewa sekunde 0.1. Wahariri huusogeza ulingane na picha. Uacheni jamani, ndivyo jirani wa ng'ambo ya shamba anavyousikia!