Kanzu ya Idi na kasuku wa Kö

Idi ya juzi hii shangazi alikuwa kwangu Düsseldorf, Ujerumani, kaja toka Tanga kuona wajukuu, tukishamaliza pilau akasema nipelekeni mahali pa kitajiri nipige picha, haya maghorofa yenu hata Chumbageni yapo. Kitajiri huku ni Kö tu. Kwenye ramani imeandikwa Königsallee lakini hakuna anayehangaika na jina lote hilo. Barabara kama kilomita moja, katikati mfereji na madaraja yake, mashariki maduka ambayo saa moja ya mkononi inakununulia kiwanja na nyumba juu, magharibi mabenki. Nikatinga kanzu nyeupe pee, nakshi shingoni, kofia ya mkono, nikajiona balozi kabisa.

Njiani nikamwaga historia. Kwamba hapa ilikuwa ngome ya mji, Wafaransa baada ya mkataba wa 1801 wakataka ibomolewe, ndo likachimbwa hili hendaki la maji na kupandwa miti. Shangazi wala! Anatafuta bei ya mkoba dirishani na bei yenyewe haijaandikwa. Ila nilipofika kwa mfalme akageuka. Agosti 1848, mapinduzi yamepamba moto, Friedrich Wilhelm IV wa Prussia, dola la Kijerumani lililotawala mji huu enzi hizo, anapita hapahapa na msafara wake, wananchi wakamtwanga na mavi ya farasi.

"Mavi? Mfalme?"

Mavi, shangazi. Halafu 1851 mji ukafuta jina la zamani, Kastanienallee, ukaipa barabara jina la mfalme, Königsallee, yaani barabara ya mfalme, ili kumbembeleza. Shangazi alicheka mpaka akaegemea daraja, watu wa mikoba wanatuangalia.

Tukafika kaskazini, kwenye lile sanamu la Triton, mungu wa bahari wa Wagiriki wa kale, la 1902, jua linazama, mwanga mtamu. "Rudi nyuma baba, rudi, chini ya mti, hapohapo!" Mi narudi. Chini panateleza, pana madoa meupe na kijani, nikasema labda rangi. Pembeni mzee mmoja wa Kijerumani kafungua mwavuli na mvua hakuna, nikamwonea huruma kumbe yeye ndo alikuwa ananionea mimi.

Zikaanza kelele juu kama wapiga debe wa stendi wamegombea abiria mmoja. Kasuku! Wa kijani, makundi kwa makundi, asili yao Afrika na Bara Hindi, wazee wao waliletwa vizimbani wakatoroka, sasa wajukuu wanalala kwenye miti ya mtaa ghali kuliko yote mjini na kodi hawalipi. Tone la kwanza la mavi likatua kofiani. La pili begani, la tatu sikutaka kujua limetua wapi, nikawa nakimbia na kanzu nimeikunja mpaka magotini huku shangazi anapiga kelele "usisogee, inatoka vizuri!"

Nikaingia duka la karibu kuomba tishu. Mlinzi mlangoni, suti kali, akaniangalia juu mpaka chini, akatikisa kichwa, akafunga mlango taratibu kwa adabu zote. Wanaume wenzangu, hata tishu?

Kwenye treni kiti cha pembeni yangu hakikukaliwa na mtu mpaka tunashuka. Shangazi yeye yuko bize, picha zote kazirusha kwenye grupu la ukoo kabla sijanawa, na maelezo juu. Mjomba wa Pangani, ambaye hata salamu za Idi huwa hajibu, akajibu palepale: "Hongera sana, sasa barabara yako wanakupa lini?"