Mimi Nina Pa Kurudi

Baridi ikianza, Wakenya wa hapa Berlin tukikutana, hakosi mmoja wa kusema, "Ah, sisi sote wakimbizi tu." Neno hilo siku hizi silikubali, na sababu iko mlangoni pangu.

Mbele ya jengo ninalopanga, Schöneberg, vimepachikwa chini vibamba vitatu vya shaba vya kumbukumbu, sentimita 10 kwa 10. Viwili ni vya mume na mke, Mayahudi waliokuwa wakiishi humu: walipelekwa Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, mwaka 1943, wakauawa. Cha tatu ni cha binti yao. Yeye alikimbilia Uingereza, 1939.

Watoto wapatao 10,000 walitoroshwa hivyo, kuanzia Desemba 1938 hadi vita vilipozuka. Sanduku moja, marki 10 mfukoni, na wazazi wakabaki. Mimi nilitoka Mombasa na masanduku mawili, mama kanijazia bizari na achari ya embe, na ukoo mzima ukanisindikiza.

Najua ugenini kunauma. Nimewahi kunyimwa chumba mara tu mwenye nyumba aliposikia jina langu. Lakini Jumapili nampigia mama. Wale, vita vilipokata barua, walibaki na fomu za Msalaba Mwekundu: maneno 25, basi. Mama yangu, kwa salamu zake, maneno 25 yangekwisha hata hajafika kwa baba mdogo. Halafu kuna waliotuma yao 25, jibu lisirudi tena.

Na Novemba 1941 Ujerumani ikawavua uraia Mayahudi wake wote waliokuwa nje. Hata walioshukia Kilindini kwetu na kwenda kufanya kazi mashambani bara, kwanza, vita vilipozuka, Waingereza waliwatia kizuizini kama maadui, eti ni Wajerumani. Huku Wajerumani wamewakana! Watu wa namna hiyo ndio waliojifunza lugha upya, wakapiga deki nyumba za watu, wakaoa, wakazaa. Mimi nawavulia kofia.

Kila tarehe 9 Novemba, kukumbuka usiku wa 1938 masinagogi yalipochomwa, majirani hutoka na vitambaa kuving'arisha vibamba. Mwaka jana nilisugua cha binti. Desemba nikaenda nyumbani. Mama alikuwa kasimama mlangoni. Viatu sijavua, ananiuliza mbona nimekonda.